Hata Futi Moja

Ndugu mwenyekiti, walimu wangu mliokaa mbele, na ninyi vijana mliojibanza kule nyuma karibu na mlango ili maneno yakizidi mteleze: habari za jioni.

Nimepewa dakika ishirini kabla ya filamu, na mwenyekiti amenisihi nisisimulie mwisho. Asiwe na wasiwasi, filamu yenyewe inaanza na mwisho. Taa zikizimwa tu mtamwona mwanamume mwembamba aliyeteswa mpaka akasema alichoulizwa, na askari walewale waliomtesa wanamvika sare yao ili awaongoze. Kisha mtawaona watu wanne wamejibana nyuma ya ukuta: wanaume wawili, mwanamke mmoja na mtoto. Nje sauti inawaambia wamezingirwa. Ni Oktoba 1957. Sehemu kubwa ya kinachofuata ni kurudi nyuma kuangalia wamefikaje pale.

Filamu inaitwa Vita vya Algiers, mji mkuu wa Algeria, nayo inahusu Waalgeria walivyopigania uhuru wao kutoka kwa Wafaransa. Imeongozwa na Mwitaliano Gillo Pontecorvo, muswada ukaandikwa na Franco Solinas, na ilitoka mwaka 1966. Dakika 121, nyeusi na nyeupe.

Naomba nianze na aibu yangu. Mara ya kwanza niliiona kwenye kanda ya video iliyorekodiwa juu ya kanda nyingine, mwanzo wote umekatika, chenga tupu. Nilitazama karibu nusu saa nikiamini ni picha za habari. Ilipofika pale askari wanamning'iniza mtu na mwingine anachomwa kwa moto wa gesi, nikamgeukia mwenzangu nikamwambia, "Hawa Wafaransa wana roho gani? Wanafanya mambo haya halafu wanajipiga picha?" Akanitazama kwa huruma. "Hao ni waigizaji, bwana." Sikumwamini. Nilibishana naye mpaka kanda ikaisha.

Baadaye nilipata faraja kidogo nilipojua sikuwa mjinga peke yangu. Filamu ilipopelekwa Marekani, ilibidi iwekewe tangazo mwanzoni kwamba ndani yake hamna hata futi moja ya mkanda wa habari. Yaani msambazaji anasimama mbele ya wateja na kuapa kwamba bidhaa yake imetengenezwa, maana asipoapa watadhani ni tukio lenyewe. Futi hiyo moja ambayo haimo ndiyo ninayotaka tuizungumze.

Chenga mtakazoziona leo zilipikwa. Mpiga picha Marcello Gatti alikuwa na mkanda mzuri na kamera nzuri. Angetaka picha safi angeipata. Walichofanya ni kuchapa picha, kisha kutoa negativu mpya kutokana na ile iliyochapwa, kama mtu anayetoa fotokopi ya fotokopi. Weupe unakuwa mkali, weusi unakuwa mzito, na katikati panabaki vumbi. Barabarani walitumia lenzi ndefu zinazovuta kutoka mbali, ili mtazamaji ajione kama mwandishi wa habari aliyejificha upande wa pili wa njia. Kwenye vichochoro vya Kasbah, ule mji mkongwe wa Algiers, kamera ikashikwa mkononi.

Hapa niwaonye vijana. Nilipoanza kazi hii nami nilitengeneza filamu fupi ya vita, na kwa kuwa nilikuwa nimeiona hii, nikamwambia mpiga picha atikise kamera tangu mwanzo hadi mwisho. Mwalimu wangu aliitazama kimya, kisha akauliza, "Huyu mpiga picha alikuwa na homa?" Tulipomaliza kucheka akaniambia jambo ambalo sijalisahau: mpiga picha wa habari hatikisi kamera, anahangaika kuituliza na inamshinda. Tazameni leo muone. Gatti anahangaika kuituliza.

Sasa watu. Ali la Pointe, yule kijana wa mitaani aliyegeuka mpiganaji, ameigizwa na Brahim Haggiag, ambaye hakuwa mwigizaji hata kidogo. Pontecorvo alimwona sokoni akaupenda uso wake. Karibu wote mtakaowaona wamepatikana hivyo, kwa nyuso. Mwigizaji wa kulipwa kati ya wahusika wakubwa ni mmoja tu, Mfaransa Jean Martin, anayecheza Kanali Mathieu, kamanda wa askari wa miavuli. Na Martin huyu mwaka 1960 alitia saini tamko la wasomi na wasanii 121 waliopinga vita vya Algeria, na saini hiyo ilimkosesha kazi. Kwa hiyo mtu aliyeumizwa kwa kupinga vita ndiye anayevaa miwani myeusi na kuongoza gwaride la wanaovipigana. Na anaivaa vizuri. Mathieu ni mwerevu na mtaratibu, hana chuki ya wazi, na hapo ndipo anapotisha. Kanali wa jina hilo hakuwako. Ameundwa kutokana na maofisa kadhaa wa kweli. Jenerali aliyekuwako ni Jacques Massu, ambaye Januari 1957 alikabidhiwa mamlaka ya polisi mjini Algiers, yeye na Divisheni yake ya Kumi ya Miavuli.

Lakini mtu ninayempenda kuliko wote kwenye filamu hii ni Jaffar. Mtazameni anavyotembea. Huyo ni Saadi Yacef, na Saadi Yacef ndiye aliyekuwa kamanda wa FLN, chama cha ukombozi, mjini Algiers. Septemba 1957 alikamatwa, akahukumiwa kifo, akaponea kwenye msamaha baada ya De Gaulle kurudi madarakani Ufaransa. Aliandika kumbukumbu zake akiwa gerezani. Uhuru ulipopatikana akaanzisha kampuni ya filamu, akaenda Italia kutafuta mwongozaji, akaweka fedha, kisha akaingia mbele ya kamera akajiigiza mwenyewe. Mtaona jinsi anavyokamatwa. Ni mtu yuleyule, mji uleule, miaka minane hivi baadaye, safari hii kwa hiari yake.

Mtu wa namna hiyo utamwambia nini kuhusu ukweli? Utamwambia "hapana, ulishika bastola mkono wa kushoto"? Ndiyo maana filamu hii ina uzito ambao pesa haziununui. Lakini ndiyo maana pia inabidi tuitazame jicho moja likiwa wazi zaidi, maana msimulizi ni aliyebaki hai. Ali hakubaki. Hassiba Ben Bouali, yule mwanamke aliye nyuma ya ukuta, hakubaki. Mtoto Omar hakubaki. Nyumba ililipuliwa nao ndani usiku wa tarehe 8 Oktoba 1957.

Kwa wale ambao historia hii ni mpya kwao, nitapita haraka. Ufaransa iliingia Algeria mwaka 1830 na ikaifanya sehemu ya Ufaransa yenyewe. Kufikia miaka ya 1950 walikuwako walowezi karibu milioni moja katikati ya Waislamu kama milioni tisa. FLN ilianza vita tarehe 1 Novemba 1954. Uhuru ulipatikana Julai 1962. Na kwa miaka yote hiyo, na mingi iliyofuata, serikali ya Ufaransa haikuiita vita. Iliita operesheni za kulinda usalama. Neno "vita" liliingia kwenye sheria ya Ufaransa mwaka 1999. Filamu yetu ilikuwa imeshavionyesha vita hivyo miaka thelathini na mitatu kabla.

Turudi mjini Algiers, mwaka 1956. Mwezi Juni wafungwa wawili wa FLN, Ahmed Zabana na Abdelkader Ferradj, walikatwa vichwa kwa gilotini katika gereza la Barberousse. FLN ikajibu kwa risasi mitaani. Agosti walowezi wenye msimamo mkali wakatega bomu usiku kwenye mtaa wa Thèbes, ndani ya Kasbah, watu wakiwa wamelala na watoto wao. Na tarehe 30 Septemba wanawake watatu wakatoka Kasbah na vikapu.

Tukio hilo ndilo nitakalokaa nalo.

Wanawake watatu wako chumbani mbele ya kioo. Mmoja anavua haiki, lile shuka la kujitanda, tuseme buibui ila jeupe. Mwingine ameshika nywele zake ndefu mkononi na mkasi mkono wa pili. Anazikata. Wanajipaka rangi, wanavaa sketi, wanajitazama. Nyuma yao ngoma, ngoma tupu, na kasi inapanda. Hakuna anayesema neno. Kisha anaingia Jaffar, anawapa vikapu. Wanateremka hadi kwenye vizuizi vya seng'enge, na askari waliokuwa wakimpapasa kila Mwarabu wanawafungulia njia kwa tabasamu. Mmoja anajaribu hata kutongoza.

Halafu mgahawani. Mwanamke ameketi, kikapu ameshakisukuma chini ya kiti kwa kisigino. Na hapa kamera inafanya kitu ambacho filamu nyingi za ukombozi zisingethubutu: inatazama kupitia macho yake. Uso kwa uso. Mzee anakunywa. Vijana wanacheza muziki. Mtoto mdogo analamba aiskrimu, imemchafua mdomo. Yeye anawaona, nasi tunawaona, na saa ya ukutani inakwenda. Pontecorvo hakukwambia watu hao ni wabaya. Amekukalisha nao kwanza, ndipo bomu likalia.

Sikilizeni muziki baada ya hapo. Maiti za mtaa wa Thèbes zinapotolewa kwenye vifusi kuna wimbo mzito wa maombolezo. Maiti za mgahawani zinapotolewa, ni wimbo uleule. Mtunzi Ennio Morricone na Pontecorvo waliutunga muziki wa filamu hii pamoja, na sidhani kama kuna jambo walilolifikiria zaidi ya hili. Mtu akija kuniambia filamu hii ni propaganda ya FLN, humwuliza kama alikuwa ameziba masikio.

Lakini sasa nililoahidi, lile jicho la pili.

Wanawake wale walikuwako. Zohra Drif, mwanafunzi wa sheria, ndiye aliyeweka bomu kwenye mgahawa wa Milk Bar. Baadaye katika Algeria huru alikuwa seneta. Samia Lakhdari alikwenda kwenye mgahawa wa pili, Cafétéria, akiongozana na mama yake. Mtafuteni mama huyo kwenye filamu. Djamila Bouhired alipewa ofisi za shirika la ndege la Air France, na bomu lake halikulipuka kwa sababu saa yake iliharibika. Tazameni filamu imelifanyia nini bomu hilo, kisha tutabishana.

Na lile la kimya. Chumbani wale watatu hawasemi. Ni tukio zuri, na mimi mwenyewe nimelisifu sasa hivi. Lakini kadiri ninavyozeeka linanikera. Drif alikuwa na maneno. Ameandika kitabu kizima cha kumbukumbu. Wanawake wa Algiers walijua wanachofanya na kwa nini, walibishana, waliogopa. Filamu inawapa nyuso nzuri na ngoma. Mazungumzo wamepewa wanaume, juu ya mapaa na mbele ya waandishi wa habari. Mateso pia: mtayaona maji, umeme, moto. Ubakaji hamtauona. Ilibidi ifike Juni 2000 ndipo Louisette Ighilahriz, aliyekamatwa mwaka uleule wa 1957 na kushikiliwa na askari wa Massu, aseme hadharani katika gazeti la Le Monde aliyofanyiwa. Kamera ile iliyoonekana kama iko kila mahali haikuwako pale.

Kuna mtu mwingine ambaye simwoni, na huyu ananisumbua kwa namna yake. Paul Teitgen. Alikuwa katibu mkuu wa polisi mjini Algiers, Mfaransa, na wakati wa Vita Kuu ya Pili Gestapo, polisi wa siri wa Hitler, walimtesa. Machi 1957 alimwandikia waziri wake barua ya kutaka kujiuzulu, akieleza kwamba kwenye miili ya wafungwa ameziona alama zilezile alizowekewa yeye. Hati za kuwaweka watu kizuizini zilipita mezani kwake, naye akawa anahesabu: waliotiwa saini, waliorudi, wasiorudi. Alipoondoka mwezi Septemba mwaka huo hesabu yake ya waliopotea ilikuwa watu 3,024.

Hebu fikirini kumpiga picha mtu huyo. Ameketi ofisini, ana kalamu, anajumlisha. Hana bunduki na hakimbii. Mtindo huu wa picha za habari una njaa ya barabara: moshi, umati, vifaru, watu mbio. Kinachotokea kwenye faili unakiacha. Sisemi Pontecorvo alikosea; filamu ina mipaka ya saa mbili. Nasema ninyi mnaotaka kutengeneza filamu zilizosimama juu ya matukio ya kweli mjue kwamba mkishachagua chenga, chenga nazo zinawachagulia.

Ila kuna ofisi moja mtaiona. Mathieu yuko mbele ya ubao, ana chaki, anachora pembetatu. Anawaeleza maofisa wake jinsi FLN ilivyosukwa: kila mwanachama anawajua watatu tu, aliyemleta na wawili aliowaleta yeye. Ukimkamata mmoja huna kitu, isipokuwa akuambie hayo majina matatu. Na FLN imewaagiza watu wake wavumilie saa ishirini na nne tu, kisha waseme, kwa sababu majina yatakuwa yameshahama. Mathieu hatamki neno "mateso" pale ubaoni. Anahesabu saa. Mkimaliza kumsikiliza mtakuta mmekubaliana na hesabu yake, na hapo ndipo mjitazame.

Hesabu ile iliwavutia wengi. Kwenye tamasha la filamu la Venice mwaka 1966 ilipewa tuzo kuu, Simba wa Dhahabu, ujumbe wa Ufaransa ukasusia, na Wafaransa wa kawaida wakasubiri miaka kadhaa kabla ya kuiona kwenye majumba yao ya sinema. Halafu Agosti 2003, Marekani ikiwa imeingia Iraq miezi mitano tu nyuma, maofisa wa Pentagon wakaandaliwa onyesho lake, na mwaliko ukisema ni funzo la jinsi ya kushinda mapambano dhidi ya ugaidi na kushindwa vita vya fikra. Hebu ona: filamu iliyolipiwa na aliyekuwa mfungwa wa Wafaransa imekuwa kitabu cha mafunzo cha jeshi jingine. Nimewahi kusikia watu wakilicheka jambo hilo. Mimi sijui kama linachekesha. Angalau wao walitazama mpaka mwisho.

Larbi Ben M'hidi nimemwacha makusudi hadi sasa. Alikuwa mmoja wa waasisi wa FLN. Alikamatwa Februari 1957, akafa Machi, na jeshi likatangaza kwamba amejinyonga kwa vipande vya shati lake. Filamu ya 1966 haikuwa na ushahidi wa kumtaja muuaji, kwa hiyo ikafanya jambo la busara: ikawaachia waandishi wa habari waulize, mtu aliyefungwa mikono na miguu anajinyongaje? Swali likabaki likining'inia hewani miaka thelathini na mitano. Mwaka 2001 Jenerali Paul Aussaresses akaandika mwenyewe kwamba ni yeye na watu wake waliomnyonga. Na tarehe 1 Novemba 2024, miaka sabini kamili tangu vita vianze, Rais wa Ufaransa akakiri kwamba Ben M'hidi aliuawa na wanajeshi wa Ufaransa. Nani alikuwa na picha ya tukio hilo? Hakuna. Lakini waliotazama filamu hii walikuwa wameshauliza swali lenyewe tangu 1966.

Yuko pia juu ya paa usiku, Ben M'hidi, na Ali. Anamwambia kijana kwamba kuanzisha mapinduzi ni vigumu, kuyaendeleza ni vigumu zaidi, kuyashinda ni vigumu kupita yote, na kazi yenyewe hasa inaanza baada ya kushinda. Picha zilipigwa mwaka 1965. Mwaka huohuo, mwezi Juni, Ben Bella, rais wa kwanza wa Algeria huru, alipinduliwa na waziri wake wa ulinzi, Boumédiène. Mkifika kwenye paa hilo angalieni uso wa Haggiag akisikiliza.

Naona mwenyekiti ananionyesha saa. La mwisho ni la fundi mitambo, si la hadhira. Fundi, ile spika ya kushoto inakoroma, naomba uifanyie kitu, maana kuna dakika za mwisho hatuwezi kuzikosa. Ni Desemba 1960. Viongozi wameshauawa au wamefungwa, jeshi limeshinda kila kitu cha kushinda, miaka mitatu imepita kimya. Ghafla watu wanateremka kutoka Kasbah kwa maelfu, hakuna aliyejua kwa nini siku hiyo. Moshi unatanda, hatuoni mtu. Polisi anauliza kwa kipaza sauti, "Mnataka nini?" Na kutoka ndani ya moshi, kabla ya neno lolote, vinaanza vigelegele. Vilevile mnavyovijua ninyi, sauti ya harusi. Tangu mwanzo wa filamu mtakuwa mmevisikia usiku juu ya mapaa, vikiwatetemesha askari. Nataka kule nyuma kabisa, karibu na mlango, navyo vifike.

Zima taa.